Nani Atasema Kwamba Wewe Ndiye Wewe?

Usiku, mtumwa aitwaye Sosia anarudi nyumbani Thebes kutoka bandarini. Bwana wake Amphitryon ameshinda vita, naye ametangulizwa kumpasha bibi habari. Mlangoni anamkuta mtu amesimama: kimo chake, nguo zake, ndevu zake. Mtu huyo anamuuliza jina. Akijibu "Sosia", anapigwa. Akirudia, anapigwa tena. Mwisho anaanza kukubali kwamba yeye si Sosia, kisha anauliza swali ambalo fasihi haijalimaliza hadi leo: basi kama mimi si mimi, mimi ni nani? Aliyesimama mlangoni ni mungu Mercury. Amejivika sura ya mtumwa ili alinde mlango, wakati baba yake Jupiter, aliyejivika sura ya bwana, yuko chumbani na mke wa mtu. Plautus aliiandika tamthilia hiyo huko Roma karibu miaka 2,200 iliyopita. Molière akaiandika upya Paris mwaka 1668 na kuigiza mwenyewe sehemu ya Sosia. Watu walicheka, enzi zote mbili.

Kicheko hicho kimeishi sana. Shakespeare alikitumia kwa mapacha jozi mbili katika moja ya tamthilia zake za mwanzo, na sinema ya Kihindi ikakifanya mtaji. Waliokulia karibu na majumba ya sinema ya Unguja, Dar es Salaam na Mombasa hawahitaji kuelezwa kanuni yake. Katika Ram Aur Shyam ya 1967 na Seeta Aur Geeta ya 1972 yupo mpole anayeonewa na jamaa zake, na yupo mkali aliyetenganishwa naye utotoni. Wanabadilishana nyumba bila kukusudia, na mjeledi unahama mkono. Pacha hapo ni neema. Hakuna anayepoteza nafsi yake. Kila mmoja anaongezewa ndugu.

Mwaka 1978 ikatoka Don, na mambo yakawa mengine. Mwongozaji wake, Chandra Barot, alikulia Tanganyika na aliwahi kufanya kazi benki Dar es Salaam kabla ya kuhamia India, jambo ambalo nadhani wengi wa mashabiki wetu wa filamu hiyo hawalijui. Don ni bosi wa genge la magendo anayefia mikononi mwa polisi. Ofisa mmoja, D'Silva, anamzika kimyakimya, kisha anamtafuta Vijay, mwimbaji wa mitaani mwenye sura ileile, anamfundisha na kumpenyeza gengeni. Amitabh Bachchan anaigiza wote wawili. Siri anaijua D'Silva peke yake, halafu D'Silva anauawa. Tangu dakika hiyo Vijay ni Don. Polisi wanamsaka kwa makosa ya Don, genge linamsaka kwa kumsaliti Don, na kila anavyoapa kwamba yeye ni Vijay ndivyo anavyoonekana mwongo aliyekubuhu. Hata mtu wa Interpol anayetegemewa kuleta haki ni bandia. Kinachobaki ni shajara moja nyekundu, na sehemu ya mwisho ya filamu ni watu wazima kunyang'anyana daftari. Vijay mwenyewe hajabadilika hata chembe. Aliyekufa ni shahidi wake.

Hapo, kwa maoni yangu, ndipo penye kiini cha suala zima. Wachambuzi wengi wamezoea kuusoma mkasa wa mtu wa pili kama maradhi ya ndani: nafsi imepasuka, upande uliofichwa umetoka nje na kutembea. Usomaji huo una ukweli wake, nitaufikia. Lakini mimi naiona mikasa hii zaidi kama kesi. Anayepotea haanzi kupotea moyoni mwake, anaanza kupotea machoni pa mke, bosi, jirani na karani wa zamu. Na ukiwapanga mstari wahusika wanaopotea, utaona jambo jingine: mtumwa, mwimbaji wa mitaani, karani mdogo, mkulima, mwizi, muuguzi, msichana wa dukani. Mara chache sana utamkuta waziri.

Karani mdogo ni Golyadkin wa Dostoevsky. Riwaya yenyewe, Dvoinik, ilitoka mwaka 1846, mwandishi akiwa na miaka 24, wiki chache tu baada ya kitabu chake cha kwanza kumpa sifa mji mzima wa St. Petersburg. Golyadkin yuko daraja la 9 kati ya 14 za utumishi wa serikali ya Urusi. Hayuko chini kabisa, lakini hayuko mahali ambapo mtu akikosekana atauliziwa. Anajipenyeza kwenye sherehe ya binti wa mkubwa ambako hakualikwa, anatolewa nje, na usiku huo, katikati ya dhoruba ya theluji, anakutana na mtu anayetembea kama yeye kuelekea nyumbani kwake. Asubuhi mtu huyo amekaa ofisini, meza inayotazamana na yake. Ameajiriwa. Jina lake ni Golyadkin.

Msomaji anasubiri ofisi nzima iruke kwa mshtuko, na hakuna anayeshtuka. Golyadkin anamwendea mkuu wa meza, mzee Anton Antonovich, na kumdokeza kwa woga kama haoni jambo la ajabu. Mzee anatazama, anakiri kwamba kweli wanafanana, anamtuliza kwamba mambo haya hutokea, kisha anaongeza, kama mtu anayezungumzia mafua, kwamba hata shangazi yake aliwahi kujiona mwenyewe kabla ya kufa. Anarudi kwenye makaratasi yake. Sijasoma ukurasa unaotisha kwa utulivu kama huo. Baadaye Golyadkin anaingia mkahawani, anakula andazi moja la samaki, anadaiwa kumi na moja. Anageuka na kumwona mwenzake mlangoni akitafuna la kumi. Analipa. Angefanya nini? Muuzaji ameona kwa macho yake mtu yuleyule akila kumi na moja.

Mwisho daktari anamchukua Golyadkin kwa gari la farasi mbele ya watu wote anaowafahamu, na pacha wake anakimbia pembeni ya gari akimrushia mabusu. Mhakiki Belinsky alilalamika kwamba kitabu ni kirefu na kwamba mambo ya ajabuajabu mahali pake ni hospitali ya vichaa, si fasihi. Urefu nakubaliana naye. Katika hilo la pili nadhani alipitwa, kwa sababu hata kama Golyadkin ni mgonjwa, ofisi ile si mgonjwa wala haina kisingizio. Ilimpokea mwingine kwa sababu mwingine alikuwa mchangamfu zaidi, aliandika upesi zaidi, na alijua kuwachekesha wakubwa.

Karne ya 20 ikaleta wataalamu. Mwaka 1913 ilitoka Ujerumani filamu kuhusu mwanafunzi fukara wa Praha anayeuza taswira yake ya kwenye kioo kwa mzee wa kishetani. Taswira inatoka kiooni na kwenda kumharibia maisha. (Fukara tena, ongeza kwenye orodha.) Otto Rank, mwanafunzi wa Freud, alianzia na filamu hiyo alipoandika utafiti wake kuhusu mtu wa pili mwaka 1914. Hoja yake ni kwamba binadamu alijibunia pacha, kivuli na roho ili kukikana kifo, kisha kinga ileile ikageuka kuwa tangazo la kifo. Watu wa pwani wanaojua habari za karini, jini anayesemekana kuzaliwa na kila mtu, hawatalishangaa wazo la kwamba hakuna anayetembea peke yake. Freud akafuata mwaka 1919 na insha yake kuhusu vitu vya kawaida vinavyogeuka kutisha. Humo, katika tanbihi, anasimulia kisa chake mwenyewe. Alikuwa peke yake katika behewa la kulala, treni ikatikisika, mlango wa msalani ukafunguka, na mzee mmoja aliyevaa joho la kulalia na kofia ya safari akamwingilia chumbani. Freud akainuka kumweleza kwamba amekosea chumba. Kumbe ni kioo cha mlangoni. Anakiri kwamba mzee yule hakumpendeza hata kidogo.

Freud alilisoma tukio hilo kwa mizani ya hofu za kale. Nami naona aibu kumpinga Freud kuhusu Freud, lakini tazama alichokifikiria kwanza: si roho, si kifo. Alifikiria chumba ni cha nani. Alitaka kumwonyesha mgeni mlango.

Kisha mwaka 1923 daktari Joseph Capgras na mwenzake wakaeleza, Paris, habari za mwanamke aliyeamini kwamba mume na watoto wake wameondolewa na nafasi zao kuchukuliwa na watu wanaofanana nao. Hali hiyo ina jina la Capgras mpaka sasa. Maelezo yanayotajwa sana siku hizi ni kwamba ubongo wa mgonjwa unaitambua sura, lakini ule mguso wa moyo unaoambatana na sura ya mpendwa hauji. Macho yanasema ndiye, moyo unasema siye, na moyo unashinda.

Kwetu wazo hilo halikusubiri daktari. Sehemu nyingi za Tanzania mtu akifa kifo kisichoeleweka huenda ukasikia kwamba hakufa: amechukuliwa msukule, na kilicholazwa ndani ya jeneza ni mgomba uliofanyiwa mazingaombwe. Ukweli wa imani hiyo si mada yangu. Kinachonivutia ni ubunifu wake kama hadithi. Pacha hapo haongei wala hatembei, ni shina la mgomba, na bado linafanya kazi kwa sababu ukoo mzima umelia juu yake, umeliosha na kulizika. Mashahidi wote ni wakweli na wote wamekosea. Na anapojitokeza mtu siku moja kijijini na kudai ndiye yule aliyezikwa, ndugu hawamwiti mwanasaikolojia. Wanatazama kovu la gotini. Wanamuuliza mbuzi wa babu alikuwa na rangi gani.

Hicho ndicho kilichofanyika Artigat, kijiji cha kusini mwa Ufaransa, katika kesi ya kweli ambayo imezaa vitabu na filamu. Mkulima Martin Guerre aliondoka mwaka 1548 akamwacha mke na mtoto. Mwaka 1556 akarudi, au akarudi mtu aliyesema ni yeye. Alikumbuka majina na mambo ya zamani, akapokelewa na dada zake, akaishi na mke, Bertrande de Rols, na kuzaa naye. Ugomvi wa mali na baba mdogo ndio uliofumua kila kitu. Mwaka 1560 kesi ilianzia Rieux ikaishia Toulouse, na wanakijiji waliletwa kwa makumi. Wengine waliapa ndiye, wengine siye, na kundi kubwa likasema haliwezi kujua. Ushahidi ninaoupenda ni wa fundi viatu. Alisema Martin alivaa namba 12, na huyu anavaa 9. Miguu ya mtu mzima haipungui. Hata hivyo mahakama ya Toulouse ilikuwa imeelekea kumwachia mshtakiwa, mpaka akaingia mtu mwenye mguu wa mti: Martin halisi. Yule wa kwanza, Arnaud du Tilh, alinyongwa mbele ya nyumba aliyoishi. Jaji Jean de Coras alivutwa na kesi hiyo hadi akaiandikia kitabu mwaka uliofuata. Gérard Depardieu aliigiza nafasi ya Arnaud katika filamu ya 1982, na mwanahistoria Natalie Zemon Davis, aliyekuwa mshauri wa filamu hiyo, akatoa kitabu chake mwaka 1983. Davis anashikilia kwamba Bertrande alijua na alinyamaza. Ninamwamini. Mume aliyerudi alikuwa bora kuliko aliyeondoka, na mwanamke wa kijijini wa karne ya 16 hakuwa na njia nyingi za kupata mume bora.

Shahidi, basi, anaweza kuchagua. Katika Vertigo ya Hitchcock, ya 1958, shahidi anafanya zaidi ya kuchagua, anatengeneza. Scottie amempoteza Madeleine, akamwokota mtaani San Francisco Judy, msichana wa dukani, na kumfinyanga upya: suti ya kijivu, nywele za dhahabu, na lazima zifungwe nyuma vilevile. Judy anakubali kufutwa ili apendwe. Katika Kagemusha ya Kurosawa, ya 1980, mwizi aliyeponea kusulubiwa anakalishwa mahali pa Takeda Shingen, mtawala wa kivita wa Japani aliyefariki mwaka 1573, ili maadui wasijue kwamba amekufa. Majenerali wanashirikiana na uongo huo, mjukuu mdogo anauzoea, masuria wanadanganyika. Farasi ndiye anayekataa. Mwizi anaangushwa, kovu la bwana halionekani, naye anafukuzwa kwa mawe kwenye mvua. Zawadi kuu ya Cannes ya mwaka ule filamu hiyo iliigawana na nyingine ya Kimarekani. Ilistahili yote.

Persona ya Ingmar Bergman, ya 1966, inatakiwa kuzungumzwa peke yake, maana karibu kila filamu ya aina hii iliyofuata imeazima kitu humo. Bergman aliiandika akiwa amelazwa hospitalini Stockholm mwaka 1965. Baadaye alisema filamu hiyo iliyaokoa maisha yake. Elisabet Vogler, mwigizaji maarufu, ananyamaza ghafla katikati ya onyesho la Elektra, na tangu siku inayofuata haongei tena. Daktari anasema hana ugonjwa. Anampa muuguzi wa miaka 25, Alma, na kuwaazima wote wawili nyumba yake ya pwani. Sehemu hizo zilipigwa picha Fårö, kisiwa ambacho Bergman alikipenda hadi akahamia na kufia huko mwaka 2007.

Mmoja haongei, kwa hiyo mwingine anaongea kwa wawili. Alma anasimulia mchumba wake, kazi yake, kisha usiku mmoja, pombe ikiwa imemwingia, siri ya ufukweni na mimba iliyotolewa, ambayo hajamwambia mtu. Hakuna picha ya ufukwe huo. Sven Nykvist, mpiga picha, anaiacha kamera juu ya nyuso za wanawake wawili ndani ya chumba chenye mwanga hafifu, na bado watazamaji wengi huapa kwamba waliuona ufukwe. Siku chache baadaye Alma anapelekea posta barua za Elisabet. Moja haikufungwa. Anaisoma. Elisabet ameandika, kwa upole wa mtu anayeangalia mdudu, kwamba muuguzi huyu anapendeza kumchunguza, na siri ya ufukweni imo. Bergman anatuonyesha Alma amesimama kando ya dimbwi, taswira yake majini, haendi mbele wala nyuma. Akirudi nyumbani anavunja glasi kibarazani, anaokota vipande, anaacha kimoja. Anakaa na kungoja miguu mitupu ya Elisabet ipite. Elisabet akishajikata na kumtazama, filamu yenyewe inakatika: picha inapasuka, inaungua, ukumbi unabaki na weupe.

Kuanzia hapo huwezi kuapa ni nani anaota. Mume wa Elisabet anakuja, amevaa miwani myeusi, anamkumbatia Alma kama mkewe. Elisabet mwenyewe amesimama pembeni, ameushika mkono wa Alma na kuuelekeza usoni pa mume. Alma anakataa, kisha anakubali, anasema maneno ya mke. Halafu linakuja tukio ambalo wanafunzi wa filamu hulikariri: Alma anamsomea Elisabet habari ya mtoto ambaye hakumtaka, neno kwa neno, mara mbili. Mara ya kwanza kamera iko kwa msikilizaji, mara ya pili kwa msemaji. Mwishoni nusu ya uso wa mmoja inaunganishwa na nusu ya uso wa mwingine. Bergman alisimulia kwamba alipowaonyesha waigizaji picha hiyo bila kuwaonya, Liv Ullmann alidhani ni picha mbaya ya Bibi Andersson, naye Bibi akadhani ni ya Liv. Hakuna aliyejitambua.

Watu hubishana nani alimmeza nani. Jibu langu ni la mshahara: mmoja ameajiriwa na mwingine anahudumiwa. Alma ndiye anayetoa, kwa sababu kazi yake ni kutoa. Elisabet anapokea, anakusanya, na pengine atarudi jukwaani na sauti ya Alma mfukoni. Katika nyumba ile hakuna jirani, bosi wala mama mzazi wa kusema huyu ni Alma, namfahamu. Shahidi pekee aliyefika kutoka nje alivaa miwani myeusi na akamkosea mkewe. Mwisho muuguzi anavaa sare yake, anafunga nyumba, anapanda basi peke yake. Filamu haituambii kwamba amepona.

Kinachonisikitisha ni kwamba warithi wa Persona wengi walichukua vioo wakaacha mshahara. Black Swan ya 2010, iliyompa Natalie Portman tuzo ya Oscar, ni filamu ya ufundi mkubwa, lakini mchezaji wake wa baleti anapata pacha kwa sababu anaona maruweruwe, basi. Kila jambo la ajabu lina kisingizio hichohicho, na wanaomzunguka wanatoka mikono safi. Perfect Blue ya Satoshi Kon, katuni ya Kijapani ya 1997, ilikuwa imeshafanya vizuri zaidi. Mima, mwimbaji aliyegeukia uigizaji, anakuta kwenye intaneti shajara ya maisha yake ya kila siku, imeandikwa kwa jina lake, sahihi hadi kwenye vitu alivyonunua dukani, na si yeye aliyeiandika. Kuna mashabiki wanaoipenda Mima ile ya mtandaoni kuliko yeye. Hapo shahidi amerudi, tena kwa maelfu.

Nilisema kwamba ni mara chache anayepotea kuwa mkubwa. Robert Klein ndiye huyo wa mara chache. Filamu ya Joseph Losey, Mr. Klein, ya 1976, inafunguka kwa mwanamke aliye uchi akipimwa na daktari: taya, pua, ufizi, mwendo. Daktari anatafuta dalili za Uyahudi na kumtajia karani vipimo kama fundi anayechukua vipimo vya kabati. Mwanamke anavaa, anaondoka na mumewe, na kwanza anatakiwa kulipia uchunguzi. Ni Paris ya 1942 chini ya Wajerumani. Klein, aliyeigizwa na Alain Delon, ananunua kwa bei ya kutupa michoro ya Wayahudi wanaokimbia. Asubuhi moja, akimsindikiza muuzaji aliyemlalia nusu ya bei, anaokota mlangoni gazeti la Wayahudi lenye jina lake na anwani yake. Yuko Robert Klein mwingine. Naye, akijiamini, anakwenda mwenyewe polisi kulalamika. Asiyetafutwa amejiandikisha.

Delon hapa ni barafu, hakuwahi kuigiza vizuri kuliko hivi. Klein anahitaji vyeti vya ubatizo vya babu na bibi zake, na wakati wakili akivifuatilia, fanicha zake zinahesabiwa na kubebwa. Lakini anazidi kuvutwa na yule mwingine, anataka amwone uso hata mara moja. Filamu inaishia kwenye msako wa Julai 1942, ambapo polisi wa Ufaransa waliwakamata Wayahudi zaidi ya 13,000, watoto zaidi ya 4,000 miongoni mwao, na maelfu wakafungiwa katika uwanja wa baiskeli wa Vel d'Hiv. Wakili amekuja na vyeti. Klein anasikia jina lake likiitwa kwa kipaza sauti, anaona mkono umeinuka mbele, anaufuata hadi ndani ya behewa. Nyuma yake amesimama yule muuzaji wa mchoro. Mtu wa daraja lake alikuwa na mashahidi wote, wa kuajiriwa na wa karatasi, na ilitosha mwandiko wa bahasha kuwafuta.

Miongoni mwa filamu za karibuni, iliyolielewa suala hili kuliko zote ni Us ya Jordan Peele, ya 2019, na si kwa sababu Lupita Nyong'o ni wetu. Anaigiza Adelaide, mama wa familia yenye gari na nyumba ya likizo, na Red, nakala yake inayopanda kutoka mashimo ya chini ya ardhi ikiwa na mkasi. Chini kuna watu wasio na jina waliolazimika kuiga kila tendo la walio juu, wakila sungura wabichi. Sauti ya Red imekwama kooni kama ya mtu aliyesahau kusema. Miaka imepita, nami sioni dhambi kutaja mwisho: yule wa juu ndiye nakala. Mwaka 1986, katika nyumba ya vioo ufukweni Santa Cruz, mtoto wa chini alimkaba mtoto wa juu, akavaa fulana yake, akaenda kwa wazazi wake. Wazazi waliona kwamba binti ameacha kuongea, wakampeleka kwa mtaalamu, wakashauriwa wampe dansi. Walimpenda, walimsomesha, walimwoza. Waliishi miaka na mtoto wa mwingine na hawakukosa kitu. Anayeanza kushuku, kwa jicho la pembeni ndani ya gari, ni mwanawe, naye anashusha kinyago chake usoni na kunyamaza.

Lawama za watetezi wa watu wenye matatizo halisi ya sauti kama ile ya Red zilikuwa na msingi, na Nyong'o aliomba radhi. Hilo haliondoi ukweli kwamba kazi ile, wahusika wawili wanaopumua tofauti hata wakiwa wamenyamaza, ilistahili angalau kuteuliwa kuwania Oscar. Haikuteuliwa.

Kwa anayetaka kuingia katika uwanja huu, ushauri wangu ni kwamba asianze na Persona, ingawa ndiyo kubwa kuliko zote. Wengi huitazama mapema mno wakatoka wakidhani ni fumbo la wasomi. Aanze na Don, ya 1978 na si ile iliyorudiwa 2006, kisha Us, kisha Mr. Klein. Akifika kwa Alma na Elisabet baada ya hapo, aketi upande wa muuguzi.